Vavilov Hakuwa Mlinzi wa Ghala

Kila inaposimuliwa, hadithi ya Nikolai Ivanovich Vavilov, mwanasayansi Mrusi wa mimea, huanzia mwishoni. Msimulizi hukimbilia Leningrad, majira ya baridi ya 1941 kuingia 1942, majeshi ya Ujerumani yameuzingira mji na watu wanachemsha mikanda ya ngozi ili wapate cha kunywa. Katika jengo moja katikati ya mji huo wenye njaa kuna tani kadhaa za mpunga, karanga, ngano, mahindi na viazi, zote zikiwa mbegu ambazo yeye na wenzake walizikusanya kutoka pembe mbalimbali za dunia. Wanaozilinda wanakufa mmoja mmoja. Dmitri Ivanov, mtaalamu wa mpunga, anafariki akiwa amezungukwa na maelfu ya pakiti za mpunga. Alexander Shchukin, wa karanga, anafia mezani pake. Mbegu zinabaki.

Hadithi ni ya kweli. Kasoro iko kwenye funzo linalobandikwa mwishoni mwake. Mbegu, wanasema wanaoipenda hadithi hii, ni kitu nyeti. Mahali pake ni kwenye jokofu la wataalamu. Mkulima hajui thamani ya alichonacho, akiachiwa ataila, ataiuza au ataichanganya hovyo. Vavilov, kwa maelezo haya, aliziokoa mbegu kutoka mikononi mwa wakulima. Na adui yake, Trofim Lysenko, mtoto wa mkulima aliyepandishwa cheo kwa sifa ya ukulima, ni ushahidi wa kinachotokea maarifa ya kijijini yanapokalia kiti cha sayansi. Kutoka hapo safari ya kufika Masakta, wilayani Hanang, Tanzania, ni fupi: mwambieni mama mkulima wa huko aachane na kibuyu chake cha maharage, aende duka la pembejeo akanunue pakiti.

Maoni hayo yana wafuasi wengi, wakiwamo watu wenye nia njema na shahada zao. Yamekosea kuhusu Vavilov, yamekosea kuhusu Lysenko, na kuhusu kibuyu ndiko yalikokosea zaidi.

Vavilov alizaliwa Moscow mwaka 1887. Baba yake alitoka katika familia ya wakulima kijijini, akaja mjini akafanikiwa katika biashara ya nguo. Kijana alisomea kilimo, na tasnifu yake ya kumaliza chuo ilihusu konokono wasio na gamba wanaokula mboga bustanini, mwanzo usio na fahari yoyote kwa mtu ambaye baadaye angezunguka mabara matano. Mwaka 1913 alikwenda Uingereza kusoma kwa William Bateson, mtu aliyelipa somo la jenetiki jina lake. Swali lililomkaa kichwani tangu mapema lilikuwa la kinga: kwa nini ngano hii inaliwa na kutu na ile iliyosimama kando yake haiguswi?

Mwaka 1916 akatumwa Uajemi. Askari wa Urusi waliokuwa huko walikuwa wakila mkate na kulewa kama watu waliokunywa pombe. Vavilov akagundua kuwa unga wao umechanganyika na mbegu za gugu lenye sumu linalofanana na ngano mpaka linapotoa masuke. Wasomaji wa Injili ya Mathayo wanalijua: ndilo linaloaminiwa kuwa yale magugu ambayo adui aliyapanda usiku watu walipolala. Kazi rasmi iliishia hapo. Yeye hakurudi nyumbani, akaelekea milima ya Pamir.

Njiani akaona jambo ambalo maabara isingemwonyesha. Mabondeni wakulima walipanda ngano, na katikati ya ngano ikajiotea rai, nafaka ambayo Warusi huiokea mkate mweusi. Wakulima hawakuipenda, hata jina waliloipa lilikuwa na maana ya kitu kinachoisumbua ngano. Lakini kadiri njia ilivyopanda mlima ndivyo ngano ilivyopungua na rai ikaongezeka, mpaka kule juu kwenye baridi kali ngano ikatoweka kabisa na mkulima akawa anavuna rai tupu. Zao lililokuwa likilisha Urusi nzima lilianza kama gugu katika shamba la ngano. Nadharia hiyo ingali inafundishwa vyuoni, na mojawapo ya nyayo zilizomfikisha kwake lilikuwa jina la dharau lililotungwa na wakulima wa milimani. Mtu anayedhani mkulima hana la kumwambia mwanasayansi asingeuliza jina.

Ndivyo alivyofanya kazi tangu hapo: Afghanistan mwaka 1924, Ethiopia na Eritrea 1926 na 1927, China na Japani 1929, Mexico 1930, Amerika ya Kusini 1932 na 1933. Alikusanya sokoni na alikusanya shambani, akijifunza lugha kwa ajili ya safari kama mwingine anavyofunga mizigo. Kufikia mwaka 1940 yeye na wenzake walikuwa na sampuli takriban 250,000. Mkusanyiko wa ukubwa huo haujawahi kuwapo kabla yao.

Safari ya Ethiopia ndiyo inayotuhusu zaidi huku kwetu. Aliingilia Djibouti, akapanda gari moshi kuelekea nyanda za juu, na Addis Ababa akapokewa na Ras Tafari, ambaye dunia ilikuja kumjua kama Mfalme Haile Selassie. Mashambani alipigwa na butwaa. Palikuwa na ngano yenye punje za zambarau, shayiri nyeusi, aina juu ya aina zikiwa zimesimama pamoja katika kipande kimoja cha ardhi. Alipata ngano ngumu isiyo na ndevu, ile ambayo watafiti walikuwa wakihangaika kuitengeneza kwa kuchanganya aina mbalimbali. Mkulima wa Ethiopia alikuwa nayo zamani, wala hakujua kwamba inatafutwa. Vavilov akaitia Ethiopia katika orodha yake ya vitovu vya mazao ya dunia, akitaja teff, ulezi, mtama, nyonyo, kahawa.

Halafu akakosea. Alidhani aina nyingi namna ile ni dalili kwamba baadhi ya ngano na shayiri zilizaliwa hapo. Watafiti waliomfuata, hasa Mmarekani Jack Harlan, walionyesha kuwa wingi wa aina si lazima uwe chimbuko: ngano na shayiri zilianza kulimwa Mashariki ya Kati, zikaja Ethiopia kama wageni.

Wanaomsifu kama mlinzi wa ghala huipita kasoro hii haraka, kwa adabu, kama mtu anayekwepa kutaja deni la marehemu. Wangesimama hapo kidogo. Kama ngano ilikuja Ethiopia ikiwa mgeni, basi zile punje za zambarau, ile shayiri nyeusi na ile ngano isiyo na ndevu hazikutolewa na asili peke yake mahali mmea ulipozaliwa. Zilijitokeza humo humo, mkononi mwa watu, kwa karne nyingi za kuchagua suke hili na kuacha lile, kupanda hili bondeni na lile ukingoni, kupeleka mbegu kwa mkwe na kupokea nyingine mnadani. Kosa la Vavilov, likishasahihishwa, linampa mkulima sifa kubwa kuliko ile ambayo Vavilov mwenyewe alikuwa amempa.

Hakufika Tanganyika. Kutoka nyanda za juu aliendelea kaskazini hadi Eritrea. Lakini mtu wa Mbulu au Hanang akiisoma orodha ile ataona vitu anavyovijua jikoni kwao. Kiiraqw ni lugha ya Kikushi, ndugu wa mbali wa Kioromo na Kisomali, na mtama na ulezi vilikuwa chakula hapa kabla mahindi ya Mexico hayajaonekana. Kilimo cha kale cha Wairaqw, pale Mama Isara katika nyanda za juu za Mbulu, kimewaandikisha watafiti vitabu: matuta ya kuzuia udongo, ng'ombe wanaolala ndani ili mbolea isipotee, mashamba madogo yanayotunzwa kama mboni ya jicho. Watu wa namna hiyo hawakungoja semina ili wajue maana ya mbegu nzuri.

Sasa Lysenko.

Ni kweli alizaliwa katika familia ya wakulima, mwaka 1898 huko Ukraine, na ni kweli kwamba mwaka 1927 gazeti la Pravda lilimpamba kama profesa anayetembea pekupeku. Mbinu iliyompa jina ilikuwa kuilowesha mbegu ya ngano na kuiweka kwenye baridi kabla ya kupanda. Kwayo aliahidi mavuno makubwa, na aliahidi haraka. Haraka ndiyo iliyokuwa bidhaa sokoni. Serikali ya Stalin ilikuwa imewanyang'anya wakulima ardhi na mifugo na kuwasukumiza katika mashamba ya pamoja. Njaa ya 1932 na 1933 ikaua mamilioni. Amri ya mwaka 1931 iliwataka watafiti watoe mbegu mpya kwa miaka minne au mitano, kazi iliyokuwa ikichukua kumi au kumi na miwili. Vavilov alikuwa na sampuli na subira. Lysenko alikuwa na jibu. Mwaka 1935, katika mkutano wa Kremlin, Stalin alimshangilia kwa sauti mbele ya watu, na kufikia 1938 Lysenko alikuwa rais wa akademia ya sayansi za kilimo, kiti ambacho Vavilov ndiye aliyekikalia wa kwanza.

Je, hayo ndiyo maarifa ya kijijini? Mbinu za Lysenko zilishushwa kwa amri katika eneo kubwa kabla ya kujaribiwa sawasawa. Ushahidi wake ulikuwa hojaji zilizojazwa na viongozi wa mashamba ya pamoja, watu waliojua vizuri gereza liko wapi, nao wakajibu kinachopendeza. Hakuna mkulima aliyeulizwa kama anataka kulowesha mbegu yake. Hakuna aliyeruhusiwa kukataa. Kuzaliwa kijijini hakumfanyi mtu kuwa sauti ya kijiji. Wangapi tunaowajua waliotoka kijijini wakarudi na gari la serikali kuja kuwafokea waliowaacha? Lysenko alimtumia mkulima kama picha ya ukutani. Anayemwita shahidi dhidi ya wakulima anarudia uongo wa propaganda ya Stalin, tofauti ni kwamba Pravda iliusema kwa kusifu, naye anausema kwa kukebehi.

Vavilov naye hakuwa malaika katika jambo hili. Miaka ya mwanzo alimuunga mkono Lysenko, akaona kuna kitu katika majaribio yake, akamsaidia kupanda ngazi. Alikitumikia chama kile kile kilichoviangamiza vijiji ambavyo mbegu zake zilitoka. Haya yasemwe, maana mtu anayesafishwa kupita kiasi huwa hafai tena kwa mazungumzo.

Alikamatwa tarehe 6 Agosti 1940 huko Chernivtsi, magharibi mwa Ukraine, akiwa kazini, mbegu zikiwa ndani ya mifuko yake. Wenzake walipoipekua mizigo aliyoiacha walikuta sampuli ya ngano ya kale ya wakulima wa eneo lile, aina iliyokuwa ikidharauliwa. Hicho ndicho kitu cha mwisho alichokusanya. Julai 1941 alihukumiwa kufa. Mwaka 1942 adhabu ikapunguzwa kuwa kifungo cha miaka 20. Alikufa kwa njaa katika gereza la Saratov tarehe 26 Januari 1943. Mke wake, Elena Barulina, mtaalamu wa adesi, alikuwa akiishi Saratov hiyo hiyo na mtoto wao, akidhani mumewe yuko Moscow.

Turudi Hanang, maana hapa pana kesi inayofaa kuwekwa kando ya ile ya Urusi, kwa uangalifu. Kuanzia mwaka 1970 Tanzania na Kanada zilishirikiana katika mradi mkubwa wa ngano kwenye nyanda za Basotu. Shirika la NAFCO lilifungua mashamba saba, Basotu, Setchet, Mulbadaw na mengine, jumla ekari 100,000 hivi. Matrekta na kombaini zilikuja kutoka Kanada, utafiti ukafanyika katika kituo cha Selian, Arusha. Aina za ngano zikapewa majina mazuri ya Kiswahili. Ardhi iliyolimwa ilikuwa malisho bora ya wafugaji wa Kibarabaig, sehemu muhimu katika mzunguko wao wa kuhamisha mifugo kwa majira. Walipokwenda mahakamani, kijiji cha Mulbadaw kilishinda Mahakama Kuu. Mwaka 1985 Mahakama ya Rufani ikautengua ushindi huo, ikisema umiliki haukuthibitishwa.

Hakuna anayeweza kusema kwa haki kwamba Selian ilikuwa kiota cha Lysenko. Utafiti ule ulikuwa sayansi halisi, wataalamu wake walijua walichokuwa wakifanya, na ngano ilipatikana. Kinachofanana ni mahali pengine: wazo kwamba nyanda zile zilikuwa tupu, kwamba waliokuwapo hawakuwa na maarifa yanayostahili kuandikwa, kwamba zao moja la aina chache likitandazwa mpaka upeo wa macho ndiyo maendeleo yenyewe. Msaada wa Kanada ulipokwisha miaka ya 1990, mashine zikaanza kulala, mashamba yakafifia, baadaye mengine yakabinafsishwa na mengine yakarudi kwa vijiji. Mpaka leo sehemu kubwa kabisa ya ngano inayoliwa Tanzania huja kwa meli. Mfugaji wa Kibarabaig aliyefukuzwa katika kreta za Basotu alijua majani gani huota wapi na mwezi gani. Hayo hayakuingizwa katika hesabu ya mradi.

Wakati huo huo ugonjwa ulikuwa njiani. Mwaka 1998 nchini Uganda kilibainika kizazi kipya cha kutu ya shina la ngano, kikapewa jina la Ug99. Kikavuka hadi Kenya, Ethiopia, Yemen, Iran. Mwaka 2009 kikathibitishwa Tanzania. Wataalamu walipozipanda ngano za dunia huko Njoro, Kenya, wazione zitakavyostahimili, nyingi mno zilianguka. Kinga iliyotegemewa kwa miaka mingi, na kuingizwa katika aina nyingi kwa mara moja, ilikuwa imevunjwa na kuvu wa bara hili.

Miongoni mwa vitu vilivyosimama ilikuwapo kinga ya zamani ambayo watafiti huiita Sr2. Si kamili, humpunguza adui bila kumzuia kabisa, lakini imedumu. Ilitoka wapi? Karne moja hivi iliyopita Edgar McFadden, huko South Dakota, Marekani, alichanganya ngano ya kisasa ya wakati wake na ngano ya kale iliyoitwa Yaroslav, jina la Kirusi kwa mbegu ya Kirusi. Hiyo ni mbegu ya kienyeji, ya wakulima, ya kabla ya maabara. Shayiri ya California nayo ina deni la namna hiyo: ugonjwa wa virusi vinavyoidumaza na kuifanya njano ulipoishambulia, watafiti walizijaribu shayiri za dunia kwa maelfu, na zilizostahimili karibu zote zilikuwa za Ethiopia. Bia na malisho ya upande wa pili wa dunia yakapona kwa kazi ya watu wasiojua hata California iko wapi.

Hapo mtetezi wa jokofu atainuka kitini: "Mnaona? Bila benki za mbegu zingepatikanaje?" Hoja hiyo ina uzito nusu. Benki zilizitunza, ni kweli, na Leningrad walikufa kwa ajili yake. Lakini benki haijawahi kuzalisha kinga. Mbegu ikiingia kwenye jokofu saa yake inasimama: inabaki na ujuzi iliokuja nao, haiongezi. Kuvu wa kutu hakai jokofuni. Kila msimu anabadilika huko nje, na mmea unaojifunza kumkabili ni ule uliopandwa, ukashambuliwa, ukasalia, na mtu akaona umesalia akaufungia punje zake.

Sasa kile kibuyu cha Masakta. Kabla ya mvua, mama anaposhusha mbegu zake, anafanya kazi ambayo Vavilov angekaa chini kuitazama. Magunzi ya mahindi yaliyoning'inizwa juu ya jiko, yameliwa na moshi wa miezi ili dumuzi wasiyaguse, yalichaguliwa tangu mavuno: gunzi kubwa, mistari iliyonyooka, maganda yaliyofunika hadi ncha ili mvua isiingie. Maharage yamechanganywa na majivu. Kuna ya kuuza, ambayo mfanyabiashara wa mnadani anayataka ya rangi moja, na kuna ya nyumbani, ambayo yanaiva haraka na kuokoa kuni. Kuna mtama wa ule upande mkavu, na mbaazi za kusimama katikati ya mahindi zikivumilia jua baada ya wengine kukata tamaa. Kila uamuzi kati ya hayo unabeba taarifa ambazo pakiti ya dukani haina nafasi ya kuziandika: udongo gani, mwaka gani mvua ilikatika, nani alipewa na akaleta majibu gani.

Bwana shamba anayeipita kazi hiyo na kusema "hiyo ni mbegu duni" anapima kitu kimoja, magunia kwa ekari katika mwaka mzuri wenye mbolea. Kwa kipimo hicho ana haki. Mbegu chotara huzidi, na mkulima wa Hanang hakuambiwa hilo na mtu. Amelima, ameona, na anazinunua anapokuwa na fedha. Wala mbegu ya asili si dawa ya kila kitu: ugonjwa uliokausha mahindi, uliotangazwa Bomet, Kenya, mwaka 2011 na kufika kaskazini mwa Tanzania mwaka uliofuata, haukuchagua sana kati ya kienyeji na kisasa. Anayetaka mkulima arudi kwenye mtama wa babu na kuacha pembejeo zote anamtakia njaa kwa maneno mazuri. Hoja ya makala haya ni nyembamba kuliko hiyo. Mkulima anayepanda ekari ya chotara na pembeni akabakiza robo ya mbegu yake anafanya jambo la akili, na sera inayomwona kama mtu anayechelewesha maendeleo kwa sababu ya robo hiyo haijui inachokizima.

Mbaazi zilitoa somo la upande wa soko. Mkoa wa Manyara, ilipo Hanang, ulilima mbaazi kwa wingi kwa sababu India inanunua. Mwaka 2017 India ikaweka ukomo wa kuingiza, bei ikaporomoka, na magunia yakakaa majumbani. Waliokuwa na kitu kingine shambani walikula. Waliokuwa wameweka yote katika kapu moja walijua maana yake.

Na benki zenyewe zinasema nini zikiulizwa? Mwaka 2002 waporaji nchini Afghanistan waliingia katika maghala ya mbegu huko Ghazni na Jalalabad, wakazimwaga sakafuni, wakaondoka na makopo. Makopo ndiyo waliyoyataka. Mwaka 2003 benki ya mbegu ya Iraq iliyokuwa Abu Ghraib iliporwa. Vita vya Syria viliifunga njia ya kuifikia benki kubwa iliyokuwa karibu na Aleppo, na mwaka 2015 wataalamu wake wakawa wa kwanza kuomba akiba yao kutoka ghala la Svalbard, lililochimbwa ndani ya mlima ulioganda huko Norway na kufunguliwa mwaka 2008. Walizipeleka wapi? Lebanon na Morocco, wakazipanda. Hata mbegu ya jokofu bora kuliko yote duniani hurudi udongoni ikitaka kuendelea kuwa mbegu.

Ethiopia ililiona hili mapema. Melaku Worede, aliyeiongoza benki ya mbegu ya Addis Ababa, hakutosheka na jokofu. Ukame wa miaka ya 1980 ulipowalazimisha wakulima kula mbegu zao, alikwenda nao vijijini, akawalipa na kuwasaidia waendelee kupanda aina zao mashambani mwao huku watafiti wakishirikiana nao kuchagua. Mwaka 1989 alipewa tuzo ya Right Livelihood. Huyu ndiye mrithi halali wa Vavilov katika bara hili, na cha kushangaza ni jinsi jina lake linavyotajwa kwa nadra katika semina zile zinazomwaga machozi kwa ajili ya Leningrad.

Tanzania inayo benki yake, Ngaramtoni, nje kidogo ya jiji la Arusha, na inafanya kazi ya heshima. Ina pia Sheria ya Mbegu ya mwaka 2003, inayotaka mbegu inayouzwa iwe imethibitishwa, pamoja na mlango mdogo wa mbegu za kuazimiwa ubora, ambazo kikundi cha wakulima kinaweza kuzalisha na kuuza katika eneo lao. Lengo la sheria ni kumlinda mnunuzi dhidi ya matapeli wanaopaka rangi mahindi ya chakula na kuyaita mbegu, na matapeli hao wapo. Lakini mlango ule mdogo umejengwa hasa kwa ajili ya aina zilizokwisha kutolewa na watafiti. Maharage ya kibuyu hayana jina rasmi, kwa hiyo hayana pa kuingilia. Ili yaandikwe lazima yawe yanafanana, yote sawa, mwaka hadi mwaka. Yaani yaache kuwa yale yanayoyafanya yastahimili.

Mtafiti akija Masakta kesho na kuchukua kiganja cha maharage hayo, atayaandika ipasavyo. Benki za mbegu za dunia zina orodha moja ya taarifa zinazobadilishana: namba ya sampuli, jina la mmea kwa Kilatini, kijiji, nyuzi za latitudo na longitudo, mita juu ya usawa wa bahari, tarehe, jina la mkusanyaji, namba ya mkusanyaji, taasisi iliyotoa. Safu ni nyingi, zimepangwa vizuri. Safu ya jina la mama aliyekuwa akiyapanda haimo.